Wiki Mbili za Kuteka Nairobi, Miaka Saba ya Kutafuta Sabuni

Mnakumbuka Oktoba 2022? Jenerali Muhoozi Kainerugaba, mtoto wa Museveni, aliamka siku moja akaandika Twitter kwamba yeye na jeshi lake hawangemaliza wiki mbili kabla ya kuteka Nairobi. Halafu akauliza, baada ya kututeka, akae wapi: Westlands ama Riverside? Wakenya tulicheka mpaka mbavu zikauma. Wengine walimpa ushauri kuhusu kodi ya nyumba, wengine wakamuuliza atapitaje foleni ya Thika Road na vifaru. Baba yake akaomba msamaha, mambo yakaisha.

Lakini kati ya zile kelele kulikuwa na wasee ambao hawakuwa wanacheka. Walikuwa serious kabisa: "Wajaribu waone." "Hiyo Migingo tuichukue mara moja." "Tunalipa kodi ya KDF ya nini kama hatuwatumii?" Na kila Migingo ikitajwa, maneno ni hayo hayo. Mimi hapo ndipo hucheka kidogo kisha nanyamaza, juu najua kuna jirani yetu ambaye aliwahi kupigana na Uganda kweli. Alishinda. Aliingia mpaka Kampala, akamfukuza rais wao, akarudi nyumbani shujaa. Halafu akakaa miaka bila sabuni.

Huyo jirani ni Tanzania, na hii ni hadithi yake. Niliacha chuo mwaka wa pili nikisomea uchumi, karo ndio ilinitoa, kwa hivyo usinijie na maswali ya hesabu ngumu. Hii haihitaji hesabu ngumu. Inahitaji tu ukubali kufuata pesa badala ya kufuata risasi.

Tuanzie Uganda, kwa sababu uchumi wa kwanza kuuawa na jeshi katika hadithi hii ni wa Uganda yenyewe, na aliyeuua hakuwa adui wa kutoka nje.

Idi Amin alichukua serikali Januari 1971. Agosti 1972 akawapa Wahindi siku 90 waondoke, akaita hiyo "vita vya uchumi". Maduka, viwanda, mashamba ya miwa, vyote vikabaki bila wenyewe. Vikapewa nani? Wengi waliopewa walikuwa wanajeshi na marafiki zao. Waganda waliwapa jina ambalo mpaka leo linachekesha na kuumiza pamoja: mafuta mingi. Mtu alikuwa anapewa duka la nguo, anauza zilizoko, zikiisha anafunga mlango na kuondoka. Hakujua mwenye duka aliagiza wapi, kwa bei gani, kwa mkopo gani. Nchi iliyokuwa inauza sukari ikaanza kuitafuta.

Sasa elewa tatizo la mtu kama Amin. Mtu aliyeingia kwa bunduki anaogopa bunduki. Lazima wanajeshi washibe. Kulikuwa na ndege iliyokuwa ikitoka Stansted, Uingereza, mpaka Entebbe, imebeba wiski, redio na vitu vya starehe vya maafisa wa jeshi. Pesa ya kulipia hiyo wiski ilitoka wapi? Kwa kahawa. Kila kitu kingine kilikuwa kimekufa, kahawa ndiyo iliyobaki, karibu peke yake, kuleta dola nchini.

Na Mungu alimpa Amin bahati. Mwaka 1975 baridi kali iliua mikahawa kule Brazil, bei ya kahawa duniani ikapanda ajabu 1976 na 1977. Hata sisi Wakenya tulikula hiyo bahati. Muulize mzee yeyote wa Bungoma kuhusu Chepkube, ataanza kutabasamu kabla hujamaliza swali. Kahawa ya Uganda ilikuwa inavuka mpaka usiku kwa punda, kwa kichwa, kwa baiskeli, mkulima akikimbia bei mbovu ya serikali yake. Kuna nyumba za mawe upande huu wa mpaka ambazo msingi wake ni kahawa ya Chepkube. Serikali ya Uganda ilikosa dola ambazo jirani alikuwa anazipanga kwa soksi.

Halafu bei ikaanza kuanguka. Marekani nayo, Oktoba 1978, ikapiga marufuku biashara na Uganda. Jeshi lililozoea wiski likaanza kugombana lenyewe kwa lenyewe, kukawa na maasi kambini. Wanahistoria bado wanabishana ni nini hasa kilimsukuma Amin mwezi huo, lakini wengi wanakubaliana kwamba alikuwa na jeshi kubwa, lenye njaa na hasira, na hakuwa na pesa ya kulituliza. Mwisho wa Oktoba 1978 likavuka mpaka kuingia Tanzania.

Walichukua kipande cha ardhi kaskazini ya mto Kagera, kilomita za mraba kama 1,800. Novemba 1 Amin akatangaza kwamba ni cha Uganda. Waliua raia, wakabaka, wakaswaga ng'ombe kwa maelfu, wakaiba kwenye kiwanda cha sukari cha Kagera, wakalipua daraja la Kyaka. Ukiangalia orodha ya vitu vilivyoibwa utagundua ni jeshi lililotoka kwenda sokoni, ila halikubeba pesa.

Novemba 2 Nyerere akazungumza na wazee wa Dar es Salaam. Hotuba hiyo kila Mtanzania anaijua: uwezo tunao, sababu tunayo, nia tunayo. Sababu na nia mimi siwezi kupinga, na sitaki mtu aniambie kwamba nasema Tanzania haingepigana. Umeingiliwa nyumbani, watu wako wanachinjwa, utafanya nini? Neno ninalotaka tulikalie ni hilo la kwanza. Uwezo.

Jeshi la Tanzania wakati huo lilikuwa dogo, halifiki watu 40,000. Ndani ya miezi michache, pamoja na wanamgambo, polisi na wengine waliookotwa kila kona ya nchi, lilikuwa limepita 100,000. Hao wote wanakula. Wanavaa. Wanatembea, na vita viko upande wa pili wa nchi, zaidi ya kilomita 1,000 kutoka bandari ya Dar es Salaam. Serikali haikuwa na magari ya kubeba watu wengi hivyo. Ikachukua ya raia. Malori ya watu binafsi, mabasi, magari ya mashirika, yakapigwa mstari yakaelekezwa Kagera.

Hapa ndipo nataka usimame na mimi kidogo, kwa sababu watu wakisikia "gharama za vita" wanafikiria bei ya kifaru. Fikiria lori moja. Lori la kubeba pamba kutoka vijijini Shinyanga. Novemba lingekuwa linapeleka mbolea, baadaye lingebeba mazao. Sasa limebeba askari na mahindi yao. Pamba inakaa. Pamba isipofika bandarini haiuzwi, isipouzwa hakuna dola. Lori lenyewe linarudi mwaka unaofuata likiwa limechoka, linataka tairi na vipuri, na vipuri vinanunuliwa kwa dola. Zile dola ambazo pamba ingezileta. Umeona huo mduara? Hakuna risasi iliyopiga shamba la mtu wa Shinyanga, lakini vita vimemfikia.

Kitu cha pili, na hiki ndicho kilinifungua macho mimi: nchi maskini inapigana kwa pesa za aina mbili. Mshahara wa askari unalipwa kwa shilingi, na shilingi serikali inaweza kukopa benki kuu, kwa lugha ya mtaani, kuchapisha. Lakini mafuta ya lori, risasi, makombora, vipuri, hivyo vyote vinalipwa kwa dola, na dola huwezi kuchapisha. Dola unazipata kwa kuuza kahawa, pamba, katani, korosho, chai. Kwa hivyo vita vinafanya mambo mawili kwa mpigo: vinajaza shilingi mitaani, na vinamaliza dola benki. Shilingi nyingi, vitu vichache. Hiyo ndiyo bei kupanda, na hakuna muujiza ndani yake.

Makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kwamba vita viliigharimu Tanzania kama dola milioni 500. Leo inaweza kusikika kama pesa ya barabara moja. Lakini miaka ile kila kitu Tanzania ilichouza nje kwa mwaka mzima, kahawa, pamba, katani, almasi, yote ukiweka pamoja, kilikuwa karibu kiasi hicho hicho. Kwa maneno mengine, nchi nzima ililima mwaka mmoja kwa ajili ya vita. Watu walikuwa milioni 17 na nusu kwa hesabu ya 1978, mtoto mchanga na yeye ndani.

Na nani alisaidia? Umoja wa Nchi Huru za Afrika haukutoa hata ndururu. Kinyume chake, kwenye mkutano wa Monrovia Julai 1979, kuna viongozi waliomlaumu Nyerere kwa kuvuka mpaka wa mwenzake. Amin naye alikuwa ameletewa askari na silaha na Gaddafi wa Libya. Tanzania ilishinda hao wote, Kampala ikaanguka Aprili 11, 1979, na mapema Juni vita vikawa vimeisha. Miezi saba tu. Ukisoma vitabu vya shule hapo ndipo hadithi inaishia, bendera inapeperushwa, sura inayofuata.

Lakini askari hawakurudi wote. Uganda haikuwa na serikali ya maana, haikuwa na polisi, na Tanzania ilibaki na maelfu ya wanajeshi huko mpaka 1981. Kushinda nako kuna bili yake. Ukimwangusha rais wa mtu, nchi yake inakuwa mzigo wako, angalau kwa muda. Na waliorudi nyumbani hawakuwa na kazi ya kurudia. Bunduki nyingine zilirudi nao kwa njia zisizo rasmi, na Watanzania wa umri huo watakuambia ujambazi wa silaha ulianza kusikika lini.

Nyerere aliwaambia wananchi ukweli, hiyo nampa. Aliwaomba wafunge mikanda kwa miezi 18, nchi ipone. Miezi 18 ikapita. Ikapita tena.

Nina nyanya yangu Taveta, upande wetu wa mpaka, Holili iko pale tu ng'ambo. Mpaka ulikuwa umefungwa tangu 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika na Kenya na Tanzania kununiana. Ulikuja kufunguliwa Novemba 1983. Kwa karatasi, hakuna kitu kilichopita. Nyanya anasema kila kitu kilipita. Yeye aliuza sabuni za mche. Anakumbuka wanawake kutoka ng'ambo wakija alfajiri na maharagwe na kahawa zimefungwa kwa kanga mgongoni kama mtoto, na hawakutaka pesa ya Kenya wala ya Tanzania, walitaka sabuni, mafuta ya kupikia, sukari na dawa ya meno. Kuna mama mmoja alimwambia kwamba kwao wanafua kwa majivu ya maganda ya ndizi, na sabuni anayobeba hiyo si ya kufulia, ni ya kumwogesha mjukuu aliyezaliwa wiki iyo hiyo. Nyanya hajui IMF ni nini. Lakini ukimuuliza Tanzania ilikuwaje baada ya vita, atakuonyesha kwa vidole kipande cha sabuni walichokuwa wanakata, kidogo kama kiberiti.

Mwaka wa kwanza nilipomsikia akisema hayo nilidhani ni umaskini tu wa ujamaa, vile tulikuwa tunaambiwa. Na hapa lazima niwe mkweli kabla Watanzania hawajanivamia: vita havikuanzisha ugonjwa. Uchumi wao ulikuwa umeanza kuumwa mapema. Kuhamishia watu vijiji vya ujamaa kwa nguvu kulivuruga kilimo. Mashirika ya umma yalikuwa yanakula hasara. Shilingi ilikuwa imeshikiliwa kwa bei ya juu kuliko thamani yake, dola moja kwa shilingi nane na kitu. Jumuiya ilipovunjika 1977 walilazimika kuanzisha shirika lao la ndege, reli yao, posta yao, kila kitu upya. Halafu 1979 mapinduzi ya Iran yakafanya bei ya mafuta duniani kupanda zaidi ya mara mbili, na bei ya kahawa ilikuwa imeshashuka kutoka kilele chake.

Kwa hivyo wako wanaosema vita ni kisingizio, kwamba Nyerere aliharibu mwenyewe halafu akamsingizia Amin. Mimi sikubali, na pia sikubali upande wa pili unaosema kila kitu ni Amin. Mtu anaweza kuishi na malaria kama ana pesa ya dawa. Tanzania ilikuwa na malaria, na vita ndivyo vilichukua pesa ya dawa. Mafuta yalipopanda bei, nchi nyingine ziliingia kwenye akiba. Tanzania ilipoingia kwenye akiba ilikuta risiti za vita.

Ndipo wakaenda kwa IMF, na hapo kuna kisa kizuri. Waziri wa fedha alikuwa Edwin Mtei, gavana wa kwanza wa Benki Kuu ya Tanzania. Yeye aliona hakuna njia nyingine, kubalini masharti, punguzeni thamani ya shilingi. Nyerere akakataa katakata. Mtei akajiuzulu mwishoni mwa 1979. Siku ya mwaka mpya 1980 Nyerere akawauliza mabalozi ni lini IMF iligeuka kuwa Wizara ya Fedha ya dunia nzima. Swali tamu, watu wakapiga makofi. Mtei baadaye akaenda kufanya kazi huko huko IMF, na 1992 akawa mmoja wa waanzilishi wa CHADEMA, lakini hiyo ni siku nyingine.

Makubaliano madogo ya 1980 yalivunjika haraka. Kilichofuata ni miaka ya ukame wa dola. Viwanda vingi vilifanya kazi chini ya theluthi moja ya uwezo wake, kwa sababu hakuna malighafi, hakuna vipuri, hakuna mafuta. Kiwanda cha nguo kipo, pamba ipo, wafanyakazi wapo, kinachokosekana ni mkanda mmoja wa mashine kutoka ng'ambo. Vitu vikaadimika, serikali ikapanga bei, vitu vikazidi kuadimika na kuhamia chini ya meza. Mwaka 1983 Waziri Mkuu Edward Sokoine akaanzisha msako wa "wahujumu uchumi". Watu wakakamatwa, wengine wakatupa bidhaa mitoni usiku wasikutwe nazo.

Sokoine namheshimu, alikuwa msafi, na alikufa kwa ajali ya barabarani Aprili 1984 akiwa bado anapendwa. Lakini magendo ni kama jasho, ukilipangusa bila kutibu homa linarudi tu. Yule mama wa maharagwe aliyekuwa anakuja kwa nyanya yangu, kisheria alikuwa mhujumu uchumi.

Nyerere akang'atuka 1985. Mwinyi akaingia, akasaini na IMF 1986. Dola iliyokuwa shilingi nane wakati wa vita ikapita 40 mwaka huo huo. Masharti ambayo Mtei aliyataka 1979 yakaja hata hivyo, miaka saba baadaye, yakiwa makali zaidi, kwa nchi iliyochoka zaidi. Sabuni zikarudi madukani. Ada nazo zikaanza kurudi kwenye shule na hospitali miaka iliyofuata, na hapo ndipo pointi yangu iko: kizazi kilichozaliwa baada ya Amin kukimbia kilikuwa kinalipa bili ya kumkimbiza.

Sasa sisi. Usidhani Kenya ilikaa pembeni bure. Februari 1976 Amin alisema sehemu kubwa ya magharibi mwa Kenya ni ya Uganda. Tukashtuka, na serikali ikaagiza ndege za kivita aina ya F-5 kutoka Marekani. Amin hakuwahi kutushambulia. Mara ambayo watu wengi wanazikumbuka hizo ndege ni Agosti 1, 1982, wakati wanajeshi wa anga walioasi waliwalazimisha marubani kuzirusha zikiwa na mabomu, ili washambulie Nairobi. Marubani hawakulenga mji. Lakini tafakari hilo: pesa tuliyotoa kwa hofu ya Kampala ilikaribia kutuangukia sisi wenyewe kichwani.

Na kufungwa kwa mpaka kulituumiza pia. Viwanda vya Nairobi vilikuwa vinauzia Tanzania bidhaa nyingi, na malori yetu yalikuwa yanapita huko kwenda Zambia. Faida ya nyanya yangu ya sabuni mbili tatu haifidii kiwanda kilichopoteza soko la watu milioni 17.

Sisemi tufunge kambi za jeshi. Tanzania isingekuwa na jeshi lolote 1978, Kagera ingekuwa wapi leo? (Mkoa wenyewe ulikuwa unaitwa Ziwa Magharibi, jina la Kagera lilikuja baada ya vita.) Ninachosema ni kwamba yule alikuwa na sababu bora kuliko zote duniani, akapigana vita vifupi, akashinda wazi, bila nchi kubwa kumpiga bomu mji wake mkuu. Hiyo ndiyo bei ya vita vilivyoenda vizuri. Wewe unayetaka twende Migingo, mwamba ulio mdogo kuliko uwanja wa Nyayo, kwa sababu ya samaki na tweet, umepiga hesabu ya lori ngapi? Mahindi ya Kitale yatabebwa na nani wiki hiyo? Na mafuta yetu ya Uganda yanayopita Mombasa, na biashara yote ya Malaba na Busia, umeiweka safu gani?

Kama una babu ama nyanya aliyeishi Bukoba, Mwanza, Masaka ama Holili miaka hiyo, muulize sabuni walipata vipi kati ya 1979 na 1985, kisha uniandikie alivyosema, kwa maneno yake. Ninakusanya. Mpaka sasa niko na majivu ya maganda ya ndizi, majani ya mpapai, na mzee mmoja wa Arusha anayeapa kwamba mwaka mzima alioga kwa maji na jiwe.